Ubao wa Nane

Kila mwaka, kabla masika hayajaingia Msuka,
naukagua ua wa bustani kwa mchi wa kinu.
Nagonga boriti mojamoja, nasikiliza.
Iliyo nzima hujibu: ko!
Iliyoliwa hunyamaza, kama mtu
aliyeulizwa habari ya mkopo.

Safari hii zimenyamaza mbili.
Ile ya pembeni, penye mabilingani,
niliisukuma kwa kidole ikaniachia unga.
Nje mkandaa, ndani vumbi.
Nikaing'oa. Mguu wa mpya nikauchoma
kwa moto wa vifuu mpaka ukawa mweusi tii,
maana mchwa hawali makaa.

Haya nilifundishwa na Mcha, Mungu amrehemu.
Shubiri mbili chini,
kokoto mwanzo, udongo baadaye,
maji yapite, yasilale.
"Mti hauozi kwa mvua, Mafunda," akisema,
"huoza kwa maji yaliyokosa njia."

Oili chafu nimepewa na Ussi wa gereji,
dumu zima, bure,
ila bamia zikizaa nimkumbuke.
Nikajifunga kanga kuukuu, ile iliyofutika maneno,
nikaanza kukwangua ukungu, ubao hata ubao.
Mbao za mfenesi:
ukizikwaruza, ndani bado manjano kama bizari.
Ng'ambo ya ua, beberu la Bi Chumu
limesimama kama mteja
aliyewahi kabla duka halijafunguliwa.

Ubao wa nane, upande wa ndani,
chini ya ukungu: penseli.
Mwandiko wa Mcha, umelalia kulia
kama alivyokuwa akitembea mwenyewe.
*Misumari kilo tatu. Kwa Mjaka. Sijalipa.*

Burashi ikabaki hewani, inadondosha.

Siku ya maziko iliulizwa huko nje:
nani anamdai marehemu?
Mimi nilikuwa ndani, na wanawake,
nikakisikia kimya cha wanaume
nikakishukuru.
Sikujua kwamba kimya nacho
hugongwa kwanza.

Nikanawa mikono kwa majivu, nikaenda Konde.
Mjaka naye kesha kufa; dukani yumo Dadi, mwanawe.
Akashusha daftari, akapuliza vumbi,
akapekua mpaka kurasa zilizokatwakatwa.
"Halimo, mama. Labda baba alisamehe.
Labda panya."
Nikamwambia, "Labda si malipo, mwanangu. Pima."
Akapima kilo tatu kwa bei ya leo,
akaitazama mizani, akanitazama mimi,
akapokea.
Kisha akachota konzi ya misumari, akaifunga gazetini,
akaitia kapuni mwangu: "Hii ya boriti zilizobaki."
Nikaitoa. Akairudisha.
Tukavutana mpaka mnunuzi wa sukari akacheka.
Mwisho nikailipia nayo.
Sitaki jina langu kwenye ubao wa mtu.

Nilirudi nikakuta beberu halikungoja.
Limepita pale nilipoacha wazi,
limekula tuta la mchicha, lote,
na tungule mbili limeziuma likazitema.
Nikalitoa kwa mchi. Sikulipiga sana.
Kosa la ua si la mbuzi.

Ukabaki ubao wa nane.
Nikiupaka, mwandiko utakwenda.
Nisipoupaka, mvua itaula,
na mwandiko utakwenda vilevile, pamoja na ubao.
Nilikaa juu ya dumu kitambo.
Pakaadhiniwa alasiri, nikaenda kuswali, nikarudi,
bado umesimama pale, unaningoja.

Nikaitafuta penseli ya mjukuu, imetafunwa kichwa.
Chini ya maneno yake nikaandika
kwa herufi zangu za kisomo cha watu wazima,
kubwa, moja imepinda:
*Nimelipa.*

Kisha nikachovya burashi.
Oili ikapita juu ya mwandiko wake na wangu.
Haikufuta papo hapo; kwanza iliung'arisha,
nikausoma mara ya mwisho vizuri kuliko ya kwanza,
halafu mti ukaunywa.

Nikapangusa jasho kwa mkono mchafu,
nikausogeza dumu kwa mguu.
Ubao wa tisa.